Elimukwamo: Mhadhara wa Utangulizi juu ya Aina za Mkwamo wa Simu Mchezoni, kwa Mifano ya Bukavu

Keti vizuri, mwanafunzi. Geuza simu yako kifudifudi mezani na ufungue daftari, kwa maana somo tunaloanza leo ndilo mama wa masomo yote, ingawa mpaka sasa hakuna chuo hapa mjini kilicholitengea hata benchi.

Ziwa Kivu limechunguzwa mpaka limechoka. Wataalamu wameshusha vyombo vyao vilindini, zaidi ya mita 450 chini, wakahesabu gesi iliyoyeyuka humo: methani kilomita za ujazo zipatazo 60, kaboni dioksidi zipatazo 300. Ni kazi ya heshima na siidharau. Lakini wakati wao wanahesabu mapovu, kijana ameketi juu ya ukuta wa mawe pale Muhumba, ziwa lote likiwa miguuni pake, amebonyeza kitufe cha kufyatua, na risasi yake imetoka baada ya adui kumuua, kumpekua na kwenda zake. Muda uliopita kati ya kidole na risasi, nani aliupima? Methani inaweza kungoja. Imekwisha kungoja miaka mingi sana. Kijana hana subira hiyo. Parti, yaani duru moja, ya mchezo wa Free Fire huanza na watu 50, na kwa dakika kumi hivi mambo yamekwisha.

Pengo hilo la maarifa nimejitwika mimi kuliziba. Taaluma yenyewe nimeiita Elimukwamo, na wewe, kwa kuketi hapo tu, umekwisha kuwa mwanakwamo wa daraja la kwanza. Usijisifu bado.

I. Istilahi za lazima

Mkwamo ni hali ambayo mchezo ungali upo lakini umeacha kuendelea kwa kipindi kinachohisika. Usiuchanganye na mgando, ambapo picha imesimama kabisa na sauti inarudia silabi moja. Wala usiuchanganye na mruko, ambapo adui aliyekuwa nyuma ya ukuta anatokea mbele ya ukuta bila kupita popote. Mkwamo una matumaini, mgando hauna, na mruko una kejeli. Wapo wanaotaka kuongeza hali ya nne, mtetemo wa picha, na nimewakatalia kwa maandishi.

Mwendofremu ni idadi ya picha ambazo kioo huonyesha kwa sekunde moja. Kwa mwendofremu wa 30, kila picha hukaa milisekunde 33.3. Kwa 60, milisekunde 16.7. Kwa 90, milisekunde 11.1, na kwa 120, milisekunde 8.3. Tazama hesabu hizo tena bila haraka. Kutoka 30 kwenda 60 umeokoa karibu milisekunde 17 kwa kila picha. Kutoka 90 kwenda 120 hukuokoa hata tatu. Kwa hiyo kijana anayemsumbua mjomba wake aliye Ulaya amtumie simu ya 120, wakati mchezo wake wenyewe umefungwa kwenye 60, anaomba kiatu cha tatu.

Kidolerisasi ni muda mzima unaopita tangu ngozi ya kidole iguse kioo mpaka macho yaone tokeo lake. Umegawanyika katika safari tano: kidole hadi kihisio, kihisio hadi prosesa, prosesa hadi seva, seva hadi prosesa, prosesa hadi kioo. Mchezaji wa kawaida huzijumlisha safari zote tano katika neno moja, “Inabloke!”, kisha anaitupa simu kitandani. Mwanakwamo haitupi simu. Anauliza: imekwamia safari ya ngapi?

Na sasa Kanuni Kuu, uiandike kwa wino mwekundu. Ulaini hauletwi ndani ya simu; umo tangu awali, na kazi yetu ni kuondoa vinavyoukalia. Yeyote anayekuuzia kitu cha kuongeza ulaini, iwe programu, iwe namba za siri za sensi (unyeti wa kioo kwa kidole) alizozipata kwa rafiki wa rafiki, hajasoma Elimukwamo.

II. Aina ya kwanza: Mkwamo wa Msongamano

Kielelezo chetu ni simu ya kawaida kabisa hapa mjini, moja ya zile Tecno, Itel au Infinix, ambazo zote hutoka kwa kampuni moja, Transsion ya Shenzhen nchini China. Ina hifadhi ya gigabaiti 32 na RAM ya gigabaiti 2 au 3. Ndani yake mna vipande vidogo vinavyotumia tantalamu, na madini yanayotoa tantalamu, yaani koltani, huchimbwa katika milima hii hii ya Kivu. Inawezekana kabisa kwamba chembe iliyotoka nyuma ya kilima imesafirishwa hadi Asia, ikayeyushwa, ikatengenezwa, ikarudi Nyawera ndani ya boksi na kuuzwa kwa dola. Kuna watu wameandika vitabu vizima juu ya safari hiyo, nani alilipwa, nani hakulipwa, nani alikufa shimoni. Wameruka swali zito: kwa nini, baada ya kuzunguka dunia nzima, bado inakwama?

Tuifungue. Nakuta kwaya tatu zinazoimba wimbo mmoja katika video tatu. Nakuta mazishi yaliyopigwa picha na mtu aliyekuwa akilia, maana kamera inatikisika. Nakuta risiti za kutuma hela zilizopigwa picha ya kioo kwa ajili ya ushahidi. Halafu yapo maua. Kila alfajiri kundi la WhatsApp la ukoo hupokea maua ya kutakiana asubuhi njema, nayo simu huyashusha yote yenyewe, kwa sababu hakuna aliyeiambia isiyashushe. Hifadhi ikijaa hadi shingoni, uandishi wa faili hupungua kasi. Na mchezo, ambao kila mara una kifaili kidogo cha kuandika, hubaki umesimama mlangoni.

Dawa: ndani ya WhatsApp, nenda kwenye mipangilio ya hifadhi na data, uzime upakuaji wa moja kwa moja wa picha, sauti, video na hati. Kisha ufute. Hapa, mwanafunzi, naomba umakini wako wote, kwani maua ni ya namna mbili. Yapo maua matupu, na yapo maua yenye aya ya Biblia. Kwa kilobaiti ni sawasawa. Kwa ukoo si sawa hata kidogo: ya kwanza hufutwa siku yoyote, ya pili hufutwa baada ya kuhakikisha kwamba aliyeyatuma hana desturi ya kuchukua simu yako na kuperuzi picha baada ya ibada.

Suala la programu za kusafisha kumbukumbu nitalimaliza haraka, maana linanichefua. Android yenyewe hufunga programu zisizotumika pale RAM inapohitajika. Programu ya kusafisha huzifunga zote kwa mkupuo, zinajifungua tena, zinakula prosesa na betri kwa kujifungua huko, na msafishaji mwenyewe amekaa humo humo kwenye RAM akikuonyesha matangazo. Ifute, hata kama ina picha ya roketi. Hasa kama ina picha ya roketi.

Linalofanana nalo ni kile ninachokiita kumbukumbukopo: gigabaiti za RAM ambazo simu hujitangazia kwa kukopa sehemu ya hifadhi. Hifadhi ni ya polepole mno ikilinganishwa na RAM halisi. Mkopo huo huzuia programu ya nyuma isifungwe mapema, lakini hauchori fremu hata moja. Mwenye gigabaiti 2 auache mkopo wake uendelee, kwa unyenyekevu. Mwenye 4 na kuendelea auzime, kisha aiwashe simu upya.

III. Tanbihi ndefu juu ya Ibada ya Saba

Siwezi kusonga mbele bila kugusa tendo ambalo vijana wa Kadutu hufundishana kwa kunong'onezana. Unaingia mipangilio, ambayo ninyi mnaiita parametre. Unashuka hadi kuhusu simu. Unatafuta namba ya toleo. Unaigonga mara saba. Sita haitoshi. Nane ni kiburi. Kwa pigo la saba simu inakutangazia kwamba sasa wewe ni msanidi programu, na mlango uliofichwa unafunguka. Nimewaona vijana wakibadilisha namna ya kutembea baada ya tangazo hilo.

Nyuma ya mlango huo mna vipimo vitatu vya uhuishaji, vyote vimewekwa 1. Ukivishusha hadi 0.5, madirisha ya simu hufunguka na kufungwa kwa nusu ya muda, na simu huonekana imeamka. Wengi huishia hapo na kusherehekea. Mwanakwamo anajua kwamba mchezo huchora picha zake wenyewe na hauvisikilizi vipimo hivyo: umeharakisha safari ya kwenda kwenye mchezo, hukuuharakisha mchezo. Naita hali hii ulaini wa kizingitini.

Mna pia swichi ya kulazimisha MSAA mara nne. Jina lake lina mvuto, na kijana huiwasha kwa sababu nne ni zaidi ya moja. Kazi yake ni kulainisha kingo za maumbo ili zisionekane kama meno ya msumeno, na gharama yake hulipwa na prosesa ya picha. Umeomba mwendo ukapewa urembo. Izime.

Ya mwisho na ya hatari zaidi ni upana mdogo zaidi wa kioo, ambao waumini huupandisha wakiamini kwamba kila namba inayoongezeka huisogeza risasi karibu na kichwa cha adui. Matokeo yaliyothibitika ni kwamba herufi za simu nzima hupungua ukubwa. Pale ambapo simu ni ya shangazi na kijana ameiazima tu, shangazi huamka kesho yake, anashika ujumbe mbali, anaushika karibu, na kwa huzuni anaanza kuulizia bei ya miwani.

IV. Aina ya pili: Mkwamo wa Majivuno

Hii ndiyo aina inayoua watu wengi kuliko zote, na tiba yake ni rahisi kuliko zote, ndiyo maana haitumiki.

Ndani ya mchezo wenyewe mna mahali pa kuchagua ubora wa picha, kuanzia ngazi ya chini ambayo ni laini na fukara, hadi ya juu ambayo majani yanapepea na maji yanameta. Mna pia swichi ya vivuli. Prosesa ya simu yetu ya kielelezo inaweza kuchora ama majani ama adui. Haiwezi vyote viwili kwa wakati. Mchezaji mwenye akili huchagua ngazi ya chini, hufuta vivuli, na hupandisha mwendofremu kwa kadiri mchezo unavyoruhusu. Huo ndio ufukarapicha, nguzo ya taaluma yetu.

Kwa nini basi hawafanyi? Nimekaa nao, nimewatazama mabega. Mchezaji wa Bukavu hachezi peke yake. Nyuma yake wamesimama watatu, mmoja anakula hindi la kuchoma, na wote wanatazama kioo. Hawezi kuonekana mbele yao akikimbia katika kisiwa kisicho na vivuli. Na kuna jambo chungu zaidi. Amenunua almasi za mchezo kwa hela halisi, amezibadilisha kwa vazi lenye mabawa ya moto, na ngazi ya chini inaligeuza vazi hilo kuwa kitu kama koti la mvua. Kwa hiyo anapandisha picha ili vazi lionekane, mwendofremu unashuka, anakufa akiwa amependeza.

Uamuzi wangu katika suala hili hauna rufaa: wachezaji wenzako wanaliona vazi lako kwenye simu zao wenyewe, kwa ubora waliojichagulia wao. Wewe huhitaji kuliona.

V. Aina ya tatu: Mkwamo wa Joto

Prosesa ikifanya kazi hupata joto. Joto likifika kiwango fulani, simu hujipunguzia kasi yenyewe ili isijiunguze. Tendo hilo naliita kujinyima-kwa-joto. Dalili yake ni kwamba parti ya kwanza ni tamu, ya pili inavumilika, ya tatu unalaumu rezo, yaani mtandao. Usiilaumu. Shika mgongo wa simu kwa kiganja, upande wa kamera. Kama unatamani kuondoa mkono, umepata jibu.

Hapa jiografia ya mji wetu ina neno la kusema. Bukavu iko mita zipatazo 1,500 juu ya usawa wa bahari, na kanieneo ya hewa hapa ni kama asilimia 85 ya ile ya pwani. Hewa nyepesi hubeba joto kidogo. Kwa hiyo mchezaji wa Mombasa, kwa upande huo pekee, amebarikiwa hewa nzito inayofuta joto la simu yake vizuri zaidi. Lakini hewa hiyo yenyewe ni ya moto, na yetu ni ya ubaridi. Nimefanya hesabu kwa pande zote mbili na Bukavu inashinda, mradi mchezaji asiuharibu ushindi huo kwa kuchagua chumba kibaya.

Vyumba navigawa hivi. Baraza linalotazama ziwa, jioni, upepo ukitoka Idjwi: bora kabisa. Chumba chenye dari: kinafaa. Chumba cha mabati kisicho na dari, saa saba mchana, kiangazi cha mwezi wa saba: mabati hutoa joto chini kama yalivyolipokea juu, na simu hujinyima kabla hujaruka kutoka kwenye ndege. Nafasi ya nne, ambayo wengi hawaihesabu kuwa chumba, ni mfuko wa suruali kati ya parti moja na nyingine. Simu iliyochoka hutiwa humo ipumzike, ikiwa imebanwa na paja lenye nyuzi joto zaidi ya 30. Hakuna kinachopumzika humo.

Vua kava. Kava la raba lililonunuliwa ili simu isivunjike linaizuia simu isipoe. Livae ukitembea, livue ukicheza. Punguza mwanga wa kioo. Kuhusu mandhari meusi, ambayo vijana wameambiwa hupunguza kazi ya simu, tofautisha vioo: kwenye kioo cha OLED kila nukta hujiwashia taa yake, kwa hiyo nyeusi ni mapumziko ya kweli; lakini kwenye kioo cha LCD, ambacho ndicho kimo katika simu nyingi za bei ndogo, taa ya nyuma inawaka vile vile hata ukiona giza. Mwenye LCD aliyeweka mandhari meusi anaokoa giza tu.

Kucheza huku simu iko kwenye chaja kumeigawa taaluma katika mirengo miwili. Mrengo mmoja, wenye wafuasi wengi Nguba, unasema chomeka, umeme ukikatika utajuta. Wa pili, wenye nguvu Kadutu, unasema chomoa, kwani betri inayojazwa huongeza joto lake juu ya joto la prosesa. Kwa fizikia Kadutu wana haki. Kwa historia ya umeme wa mji huu, Nguba nao hawajakosa. Jambo ambalo mirengo yote imelaani kwa pamoja ni kuiegemeza simu kwenye chupa baridi ya soda: umande unaojikusanya mgongoni huingia kwenye tundu la chaja, na mgonjwa anakufa akiwa na joto zuri kabisa.

VI. Aina ya nne: Mkwamo wa Mto

Wachache wanaifahamu aina hii, nami ndiye niliyeipa jina.

Ruzizi hutoka ziwani hapa hapa mjini. Juu yake lilijengwa bwawa la Ruzizi I mwishoni mwa miaka ya 1950, na chini kidogo Ruzizi II, lililoanza kazi 1989 na ambalo umeme wake unagawanywa kati ya Kongo, Rwanda na Burundi. Fuatilia sasa mnyororo wa sababu, kiungo kwa kiungo, wala usicheke. Mtu amemaliza maji, ametupa chupa ya plastiki mferejini. Mvua imenyesha. Mfereji umeishusha chupa ziwani, ziwa limeisukuma hadi kinywa cha mto, na mto umeifikisha bwawani, ambako imewakuta dada zake. Taka za plastiki huziba njia ya maji kwenye mitambo, nao wafanyakazi hulazimika kuzichota. Mtambo ukisimama, mtaa unaingia delestaji, yaani mgao wa umeme. Simu iliyokuwa ichajiwe haikuchajiwa. Betri imefika 15, simu imejiwekea yenyewe hali ya kuokoa betri, prosesa imefungwa breki, mwendofremu umeanguka, na kijana amekufa nyuma ya ukuta aliokuwa akiujenga. Chupa imetupwa Nyawera, mtu amefia Bermuda, kisiwa cha mchezoni.

Mipangilio inayohusika ni miwili tu. Zima hali ya kuokoa betri kabla ya parti. Na usianze parti ukiwa chini ya asilimia 30, kwa sababu hofu ya betri hutikisa kidole, na kidole kikitikisika vipimo vyetu vyote vinaharibika. Kwa wanaopeleka simu kwenye kibanda cha kuchajia, wapo kati yenu ninawajua kwa kipande cha plasta chenye namba kilichobaki mgongoni mwa simu: ngojeeni ipoe. Imetoka kukaa na wenzake ishirini juu ya ubao mmoja, zote zina moto.

VII. Aina ya tano: Mkwamo wa Anga

Nuru ndani ya waya wa kioo husafiri kilomita zipatazo 200,000 kwa sekunde. Seva ikiwa umbali wa kilomita 6,000 za waya, kwenda na kurudi ni milisekunde 60, hata mitambo yote ya njiani ingekuwa mitakatifu. Hakuna swichi inayopunguza hapo. Anayekuahidi milisekunde 10 kutoka Bukavu hadi Ulaya anakuahidi nuru ya aina nyingine.

Yaliyo chini ya mamlaka yako ni machache: zima masasisho ya programu yasijifanye yenyewe katikati ya parti na kumeza forfe yako ya mega, yaani kifurushi chako cha data; zima programu zinazotuma picha mawinguni; simama dirishani, kwani kilima kikiwa kati yako na mnara, kilima hushinda.

Ila ipo aina ndogo ambayo wenzetu wanaoishi mbali na mpaka hawataijua maishani: mkwamo wa ng'ambo. Simu iliyoachwa ijichagulie mtandao, ikiwa karibu na Ruzizi, huweza kukamata mnara wa Rwanda ulio ng'ambo ya pili. Imevuka mpaka bila foleni wala muhuri. Ungetegemea saa ibadilike ikutahadharishe, lakini Bukavu na Rwanda hutumia saa moja, kwa hiyo hakuna dalili ila ujumbe mfupi wa kukukaribisha, ambao unashuka juu ya kioo sawa na pale ulipokuwa ukilenga. Chagua mtandao wako kwa mkono, na ufunge matumizi ya data ugenini.

VIII. Aina ya sita: Mkwamo wa Sambaza

Kidole chenye mafuta ya sambaza, wale samaki wadogo wa ziwani, huteleza na kioo hukisoma mara mbili. Kabla ya 1959, mwaka unaotajwa kuwa ndipo sambaza waliletwa Ziwa Kivu kutoka Tanganyika, aina hii isingewezekana hapa kwa ukamilifu wake. Nawa mikono kwa sabuni. Wanaojipaka poda ya mtoto kidole gumba wanaruhusiwa, ila isiwe nyingi.

IX. Aina ya saba: Mkwamo wa Ukoo

Nimeiweka mwisho kwa sababu ndiyo pekee ambayo Kanuni Kuu haiiwezi. Mama hawezi kuondolewa.

Mchezaji mchanga anaamini amejikinga. Ameweka Usinisumbue, arifa zimenyamaza, skrini ni safi. Amebaki mmoja kati ya wanne wa mwisho, duara linafunga, na ghafla namba ya milisekunde iliyokuwa 110 kwenye kona inageuka nyekundu na kufika 999. Hakuna mlio, hakuna jina lililotokea. Anapofungua simu baada ya kufa anakuta simu moja isiyopokelewa: Mama.

Sikiliza kilichotokea. Usinisumbue hunyamazisha kengele tu. Mnara hauna habari nayo. Katika simu na mitandao ambayo bado haijapitisha sauti ndani ya 4G, wito ukiingia simu huteremka hadi 3G au 2G kuupokea, kabla hata kengele haijalia, na data huyumba au husimama kabisa mpaka mpigaji akate. Mama anaingia kwa njia ambayo haina swichi. Kumwekea kizuizi cha namba hakusaidii, maana nacho hufanya kazi baada ya wito kufika simuni, na pia, mwanafunzi, tuwe watu. Laini ya pili nayo haikuokoi: simu nyingi za laini mbili zina redio moja, na laini moja ikizungumza nyingine hunyamaza. Wi-Fi ingekuokoa, unayo?

Kuna wanaopokea kwa haraka, “Mama, niko mu parti!”, wakidhani sentensi hiyo inafupisha mazungumzo. Huyarefusha. “Parti gani? Uko fasi gani? Ulisha kula?”

Kwa hiyo nimebuni Itifaki ya Salamu Tangulizi, na inafanya kazi kuliko mpangilio wowote niliokutajia. Piga wewe kwanza. Uliza afya, uliza mvua, uliza jirani aliyefiwa, uliza yule mbuzi. Mama akisema “haya basi”, usikate, hicho ni kituo cha kwanza. Ngoja “haya” ya tatu na baraka zinazofuata. Hapo kata, vua kava, zima kuokoa betri, ingia Bermuda. Una kama dakika nne kabla hajakumbuka jambo alilosahau kukuambia.